Nondo wa Kisiwani Shambani kwa Baba

Mimi ni Mmatengo wa milimani, na nikisema hivyo naomba nisikatizwe. Nimekaa ziwani miaka mingi, watoto wangu wote nimewazaa huku, na usipa, wale dagaa wetu wadogo, naukausha vizuri kuliko wanawake waliozaliwa mchangani. Lakini nikikosea jambo dogo tu, wifi zangu husema, "Mwacheni, huyo ni mtu wa kahawa." Nami huwajibu kwamba mtu wa kahawa ndiye aliyewafundisha kaka zao kushika tawi bila kulivunja. Hapo hucheka mpaka wajifute machozi, kwa sababu wanajua naisema siku gani.

Ilikuwa siku ya harusi yangu.

Zilikuwa enzi za ruksa. Vitu vilivyokuwa vikitafutwa kwa tochi vilianza kumwagika barabarani: sabuni za kila rangi, redio, makoti ya mitumba yenye vifungo vya dhahabu ambayo sijui Wazungu waliyavaa wakienda wapi. Mbinga mjini kila mtu akawa mfanyabiashara. Wanunuzi wa kahawa wenye magari yao wakawa wanapanda mpaka vijijini, wanagonga hodi kabla hatujanywa uji. Watu wengi walifurahi. Baba yangu hakufurahi. Yeye alikuwa mtu wa ushirika tangu ujana wake, aliyezoea kupewa dawa ya kahawa na ushauri mahali pamoja, na sasa dawa ilikuwa dukani kwa mtu ambaye ukimwuliza inatibu nini anakuambia soma mwenyewe kwenye kopo. Alilalamika asubuhi, akalalamika jioni, na katikati alilima.

Mchumba wangu nilimpata katika ruksa hiyohiyo. Alikuwa kijana wa Ngumbo, anapanda na magunia ya usipa mpaka soko la Mbinga. Siku ya kwanza nilimwuliza bei ya kopo, yeye akaniuliza kwetu ni wapi. Mfanyabiashara gani huyo! Nikamwambia ajibu alichoulizwa. Akajibu, halafu akaongeza konzi mbili za usipa bila kuombwa, na mimi mjinga nikadhani ana ukarimu kwa wateja wote.

Alipoleta posa, mama na baba zangu wadogo walikubali. Alikuwa Mkatoliki, ana adabu, hanywi kupita kiasi. Baba naye alikubali, lakini alikubali kama mtu anayemeza kwinini. "Watu wa ziwani," alisema, "wanalima lini? Jua likichomoza wako majini, likizama wako ngomani." Kwetu mwanaume anapimwa kwa ngolo, yale mashimo tunayochimba mteremko mzima ili mvua isibebe udongo. Mtu asiyekuwa na ngolo hata moja alikuwa, machoni pa baba, kama mtu aliyetoka nyumbani bila suruali.

Tangu siku ile ya posa hakunisemesha tena. Jamani, miezi saba! Tulikula chungu kimoja, tulichuma kahawa mstari mmoja, lakini neno lake lilipitia kwa mama. "Mwambie binti yako alete maji." Nami niko hapo, maji yako mkononi mwangu. Mama alikuwa anarudia neno kwa neno kama mkalimani wa mahakamani, na macho yake yananiambia nivumilie. Ilipofika kupanga mambo ya kanisani, baba akasema baba mdogo ndiye atakayenishika mkono mpaka altareni. Yeye atafika, atakaa benchi la nyuma, basi.

Nilikuwa sitaki kingine. Gauni lilikuwa la kuazima, pete ilikuwa nyepesi, chakula kama kingepungua kingepungua. Nilitaka baba yangu anishike mkono mwenyewe. Nilikuwa mtoto wake wa kwanza, niliyetembea nyuma yake shambani tangu sijajua kuhesabu, na niliona kama nikifikishwa altareni na mtu mwingine nitakuwa nimetoroka tu, kwa cheti au bila cheti.

Jioni ya kuamkia harusi, watu wa ziwani waliwasili kwa lori. Kulikuwa na ukungu na manyunyu, na wao wamezoea joto la kule chini, kwa hiyo walishuka wanatetemeka huku wanaimba. Walikuwa zaidi ya ishirini, na karibu wote wanaume wa mganda. Asiyeijua mganda nimweleze: ni ngoma ya wanaume waliovaa kaptura nyeupe, soksi ndefu na tai, wanaocheza kwa mistari kama askari wa gwaride, na wanapuliza vibuyu. Kibuyu chenyewe hakina kitu ndani. Kina tundu dogo ubavuni, na tundu hilo limezibwa kwa ngozi nyembamba. Mtu anaimba ndani ya kibuyu, ngozi inatetemeka, na sauti inatoka nzito kama tarumbeta. Wakipuliza kumi pamoja, kifua chako kinaitikia hata kama hukutaka.

Kiongozi wao alikuwa mjomba wa mchumba wangu, mzee mwembamba mwenye tai ndefu kuliko wote. Alibeba kikapu chenye kifuniko, na hakumruhusu mtu yeyote amshikie. Tulipomkaribisha akae, aliulizia kwanza mahali pakavu pa kuweka kikapu.

"Kuna nini humo, Mjomba?" nikamwuliza baada ya shikamoo.

"Sauti," akasema.

Akafunua. Ndani kulikuwa na vifuko vidogo vyeupe, kila kimoja kama kidole gumba, vya yule kiwavi anayejisokotea nyumba kabla hajageuka nondo. Akanieleza kwa fahari kubwa. Mbele ya Ngumbo kuna kisiwa kidogo ambako hakuna anayeishi, na kisiwani kuna nondo ambaye hapatikani pengine popote. Babu zao walijaribu kumhamishia bara wakashindwa. Viwavi wanataka mti mmoja tu, na mti huo uko kisiwani. Nondo akishatoka, kifuko kinabaki, na ndani yake kuna utando laini kuliko karatasi. Vikundi vingine hutumia utando wa nyumba ya buibui. Siku hizi, alisema huku anakunja uso, wengine wanakata mifuko ya nailoni, na vibuyu vyao vinalia kama nzi kwenye chupa. Kikundi chake kinatumia utando wa nondo wa kisiwani.

"Lakini desturi ni kuokota vilivyokwisha hamwa," akasema. "Mwaka huu tumewahi, bado wamelala ndani. Kesho asubuhi nitachagua vichache, nivipasue polepole, nivifunge vibuyuni. Visipate unyevu tu. Vikipata unyevu, utando unalegea."

Sasa sikilizeni kosa langu, maana ni langu na sitamsingizia mtu. Mwambie Mmatengo kwamba kitu kisipate unyevu, atakipeleka wapi? Uchagani, juu ya moto. Mahindi yetu yako uchagani, mbegu ziko uchagani, hata viatu vya shule tulivikausha huko. Nilitaka kumpendeza mjomba wa mume. Nikamwambia, "Niachie mimi," nikachukua kikapu, nikapanda kigoda, nikakiweka uchagani jikoni kwa mama, mahali penye joto zuri kabisa. Mzee akanishukuru. Nikaenda kulala ninajiona mkwe wa mfano.

Moto wa jikoni kwetu siku za shughuli hauzimwi. Wale wadudu, maskini, walikuwa wanangoja joto liwaambie msimu umefika. Mimi nikawaambia.

Alfajiri ilipopambazuka nikasikia mama anapiga kelele jikoni. "Yesu na Maria!" Nikakimbia na kanga tu. Mama alikuwa ameufungua mlango ili moshi utoke, na juu ya kichwa chake nondo weupe walikuwa wanatiririka kutoka kwenye kikapu, wanazunguka kwenye moshi mara moja, mara mbili, halafu wanatoka nje kwa mlango kama waumini baada ya misa. Walikuwa wazuri, sitaacha kulisema hilo. Mabawa meupe pepepe, pembeni yana mstari wa kahawia mwembamba. Nikasimama nimeachama.

Halafu nikaona wanakokwenda.

Nyuma ya jiko letu shamba la kahawa lilianza palepale, na wiki ile, baada ya mvua za kwanza, kahawa ilikuwa imechanua. Anayejua kahawa ikichanua ananielewa. Matawi yote yanakuwa meupe, na harufu inaingia mpaka ndani ya blanketi. Kila ua lile ni punje ya msimu ujao. Nondo weupe wakaingia kwenye maua meupe, na sekunde hiyohiyo sikumwona hata mmoja.

Baba akatokea kona ya nyumba. Alikuwa ameshavaa suti yake ya harusi, ya kijivu, ya mitumba, iliyomkaa vizuri ajabu. Alimwona wa mwisho akiingia shambani. Hakuuliza kitu. Akarudi ndani, na alipotoka alikuwa amebeba mgongoni bomba la kunyunyizia dawa, juu ya suti, na mikanda yake imebana koti mpaka tai imepinda.

"Mume wangu," mama akasema, "ni siku ya harusi."

"Mwambie binti yako," baba akasema, "wakwe zake wameniletea mdudu."

Kelele zilivuta watu wote. Watu wa ziwani walikuja wameshavaa kaptura zao nyeupe, mchumba wangu mbele yao na koti la harusi. Mjomba alipoona kikapu kiko wazi alishika kichwa. Akaanza kueleza kisiwa, mti mmoja, babu zao. Baba alimsikiliza kwa heshima, kwa sababu walikuwa rika moja, lakini mkono wake ulikuwa unasukuma mpini wa bomba.

"Mzee mwenzangu," baba akasema, "unasema anakula mti mmoja tu. Binti yangu naye alikuwa anakula ugali na maharage tu. Leo mwulize habari za samaki."

Watu wakacheka, na mimi nikatamani ardhi inimeze. Kati ya wageni alikuwapo bwana shamba wa kata, na mtu mmoja akamsukuma mbele amalize ubishi. Mama alikuwa amemkamata nondo mmoja aliyebaki jikoni. Bwana shamba akamgeuza, akamtazama tumbo, akamtazama mabawa, akatoa kijitabu kwenye mfuko wa shati na kukipekua mpaka kurasa zikaisha.

"Huyu simjui," akasema. "Hayumo."

Alidhani anatuliza watu. Lakini mkulima wa kahawa anaogopa mdudu asiye na jina kuliko yule aliyemzoea, maana mwenye jina ana dawa yake. Baba alikunja uso. Akasema polepole, na mara hii hakupitia kwa mama.

"Hakuna harusi mpaka wadudu hawa watoke shambani mwangu. Wote."

Misa ilikuwa saa tano. Jua lilikuwa limeshapanda usawa wa paa.

Mchumba wangu alikuwa wa kwanza kuingia shambani, na akafanya kile ambacho mtu wa ziwani angefanya: akashika tawi akalitikisa ili nondo waruke. Maua yakamwagika chini kama mchele. Baba alitoa sauti ambayo sijawahi kuisikia kwa mtu, nilishawahi kuisikia kwa ng'ombe tu. "Usiguse! Toka! Toka humo!" Kaptura nyeupe zote zikaruka nje. Bomba nalo halikuwezekana, bwana shamba akasema hilo waziwazi: ukinyunyiza kwenye maua unaua nyuki, na kahawa yako utaichuma wapi? Basi tukasimama pembezoni mwa shamba, koo mbili nzima, tumevaa mavazi ya sherehe, tunatazama maua.

Nilijua wote wanawalaumu watu wa ziwani kwa kosa ambalo si lao. Mjomba angeweza kusema nani aliyepeleka kikapu uchagani. Hakusema. Alikuwa ananifichia aibu, mzee yule ambaye nilimfahamu tangu jana jioni.

Nikashindwa. Nikajifunga kanga vizuri, nikaenda kusimama mbele ya baba. "Baba, ni mimi. Mjomba alikuwa nacho vizuri. Mimi ndiye niliyekiweka juu ya moto. Nilitaka kisipate unyevu."

Alinitazama. Tangu posa hakuwahi kunitazama hivyo, uso kwa uso.

"Uchagani?" akauliza.

"Uchagani."

"Eti uchagani," akasema, na akageuka upande haraka. Mama anaapa kwamba alikuwa anaficha kicheko. Mimi siku ile niliona hasira tu.

Mama ndiye aliyeokoa siku. Aliingia ndani, akatoka na vikapu vya kuchumia, akavitupa miguuni pa wanaume wa mganda. "Mchana nondo hulala," akasema. "Wamekaa kwenye matawi, hawaendi popote. Tutawachuma. Kila mtu mstari wake, tawi moja moja, kama kahawa."

Nilicheka siku ile kuliko nilivyowahi kucheka, harusi yangu ikiwa hatarini. Kuwafundisha wavuvi kuchuma! Wao wamezoea kuvuta, kitu kikiwa kizito wanavuta zaidi. Baba alishindwa kuvumilia kuwatazama. Akavua bomba, akaingia mstari wa kwanza mwenyewe, na kabla hajajua amekuwa mwalimu. "Mkono wa kushoto unashika tawi kwa chini. Unalibeba, hulivuti. Mkono wa kulia, vidole viwili. Viwili, nimesema! Wewe mwenye soksi, hicho ni kiganja." Wakawa wanaitikia kwa wimbo, maana hawawezi kufanya kazi bila wimbo, "Viwili, Mzee, vi-wi-li," na mjomba akawapangia sauti ya kwanza na ya pili. Shangazi zangu wakaingia mistari ya kati, wanawatania kwamba wanaume wazima hawajui kuchuma. Nao wanajibu kwamba kule kwao samaki hajawahi kuota mtini. Kila aliyempata nondo alipiga kelele namba yake, na mama alikuwa anafunika vikapu kwa wavu wa usipa uliokuwa umefunga mizigo kwenye lori.

Mjomba alihesabu vifuko. Vilivyotobolewa vilikuwa thelathini na nane. Kwa hiyo nondo walikuwa thelathini na wanane, pamoja na yule wa jikoni, na tulikuwa tunawajua kwa idadi kama watoto wa shule.

Mimi nilivutwa ndani kuvishwa. Nilisikia namba kupitia dirishani wakati wananisuka: kumi na tisa, ishirini, halafu kimya kirefu, halafu ishirini na tano kwa mpigo kwa sababu walikuwa kwenye tawi moja. Nilipovishwa shela kichwani walikuwa thelathini na watatu. Nikashindwa kukaa. Nikakunja gauni mpaka magotini, nikavaa viatu vya mvua vya mama, nikaingia shambani. Nilimpata wa thelathini na tano mimi mwenyewe. Mchumba wangu alipata wa thelathini na sita, kwa vidole viwili, na baba akasema, "Mm." Kwa lugha ya baba yangu hiyo ni pongezi. Wa thelathini na saba alipatikana mwisho wa shamba kabisa.

Wa thelathini na nane hakuonekana.

Tulipita mistari yote upya. Kengele ya kwanza ya parokia ikasikika kutoka ng'ambo ya bonde. Watu walianza kutazamana. Baba mdogo, mwenye zamu ya kunishika mkono, alikuja akasimama karibu yangu, amejiweka tayari, akamnong'oneza mama kwamba paroko hangoji. Baba alikuwa bado yuko ndani ya kahawa. Niliona suti ya kijivu inainama na kuinuka, inainama na kuinuka. Nikajiambia: mdudu mmoja. Baba yangu atabaki hapa kwa ajili ya mdudu mmoja. Machozi yakaja, na kope zangu zilikuwa zimepakwa rangi ya kuazima.

Akatoka mwisho wa mstari, akaja mpaka nilipo. Maua yalikuwa yamemganda mabegani. Alisimama mbele yangu, akanitazama usoni, akanitazama juu ya kichwa, akakaa hivyo muda ambao niliuona mrefu kuliko miezi yote saba.

"Inatosha," akasema.

"Bado mmoja, Mzee," mjomba akasema kwa unyonge.

"Nimesema inatosha." Akamsogeza baba mdogo kwa kiwiko, si kwa ukali, kama mtu anayesogeza kiti chake mwenyewe. Akanishika mkono. Mkono wake ulikuwa unanukia maua ya kahawa na dawa. "Twende, tutachelewa. Na uvue hivyo viatu vya mama yako."

Sikuvivua. Nilisahau, naye hakukumbusha. Niliolewa na viatu vya mvua chini ya gauni, na baba alinifikisha altareni mwenyewe, anatembea taratibu kana kwamba njia ni yake.

Mganda ya mchana ule inasimuliwa mpaka leo milimani na ziwani. Vifuko vilikuwa vimehamwa kwa haki, kama desturi ilivyotaka, na mjomba alipata ngozi za kutosha kufunga vibuyu vyote upya. Vililia mpaka mbwa wa bonde zima wakaitikia. Nilimwona baba amesimama na sahani ya wali na samaki, anakula, mguu wake mmoja unapiga chini. Jioni lori liliposhuka kurudi Ngumbo, lilinibeba mimi, vyombo vyangu, na nondo thelathini na saba ndani ya kikapu, chini ya wavu. Mjomba aliwarudisha kisiwani kwa mtumbwi. Wengi walikuwa wamechoka, lakini wenye nguvu waliruka.

Nilianza maisha ya ziwani, na mwanzo sikuyaweza. Joto, mchanga kwenye sufuria, harufu ya usipa kwenye nguo zote. Kilichonishikilia ni barua za baba. Baba hakuwa mtu wa barua hata kidogo, lakini kila mwezi, wakati mwingine mara mbili, barua ilishuka kutoka Mbinga na kondakta wa basi mpaka Mbamba Bay, halafu ikaja kwa mkono wa yeyote aliyekuwa anakuja Ngumbo. Zote zilifanana. "Binti yangu, hatujambo. Yule mdudu wenu aliyebaki hajaonekana. Leo nimekagua mstari wa kwanza hadi wa tisa, majani mazima. Mama yako anakusalimu. Nitaendelea kukagua na nitakuarifu." Nami nilijibu kwamba nasikitika kwa usumbufu, kwamba niko salama, kwamba nimepata mimba, kwamba asichoke kukagua. Mume wangu alikuwa ananicheka: "Mdudu gani huyo anayekaguliwa miaka minne?"

Mwaka wa nne baba alikuja mwenyewe, kumwona mjukuu wa pili. Hakuwahi kushuka ziwani maishani mwake. Alikaa ufukweni kwenye kiti, viatu amevua, anatazama maji kwa mashaka kama shamba lisilokuwa na mipaka. Nilimletea chai. Nikamwonyesha kisiwa cha nondo, akakiangalia sana.

"Kwa hiyo yule wa thelathini na nane mpaka leo hujampata," nikamwambia kwa utani.

"Nilimpata," akasema.

Nikaweka kikombe chini.

"Alikuwa amekaa kwenye shela lako. Hapa." Akagusa kichwa chake, juu ya sikio. "Umesimama unalia, naye ametulia zake, kama pambo. Ningempiga vipi pale? Tulipofika mlangoni mwa kanisa akaruka, akaenda zake upande wa mikaratusi. Kahawani hakurudi."

"Baba! Sasa barua zote zile? Mistari yote ile uliyokuwa unakagua?"

Alichukua kikombe, akanywa, akatazama ziwani.

"Sasa mwanangu," akasema, "ningekuandikia nini?"